Kabla ya Kubonyeza "Ndiyo": Gemu za Kunakili na Hasara Zinazoingia Nyumbani

Shule zinapofungwa, nyumba za Waislamu wa Kisii na Nyamira hujaa watoto kama zijaavyo nyumba za Mombasa, Malindi na Lamu. Liko jambo moja linalowatofautisha na wenzao wa pwani, nalo ni mvua. Mtoto wa pwani huswali Alasiri akatoka kwenda kiwanjani au ufukweni. Katika miinuko ya Gusii, Alasiri ndiyo saa ambayo mawingu yaliyojikusanya upande wa Ziwa Viktoria huanza kunguruma, na mara nyingi mvua hunyesha hadi karibu na Magharibi. Watoto wa Kinubi mjini Kisii, na wale wa familia za pwani zilizohamia Nyamira au Keroka kwa ualimu, biashara na kazi za serikali, hubaki ndani. Kifaa kidogo cha gemu, PSP ya zamani au Nintendo iliyonunuliwa kwa mkono wa pili, ndicho kinachopokezanwa baina ya ndugu na binamu.

Katikati ya mchezo ujumbe hujitokeza kwenye kioo: kuna toleo jipya la programu, je, tusasishe sasa? Mtoto hubonyeza "ndiyo" bila kufikiri, kama anavyomfungulia mlango jirani aliyebisha hodi. Kwa kifaa chenye gemu halali, jibu hilo halina neno. Sasisho huja na marekebisho na ulinzi. Kwa kifaa kilichojazwa gemu za kunakili, jibu hilohilo laweza kukiua kifaa, kufuta mchezo wa miezi mingi, au kumtuma mtoto kutafuta tiba mahali ambapo wezi wanamngoja. Makala haya yanaeleza sababu zake, na yale ambayo mzazi anaweza kuyafanya kabla kidole hakijabonyeza.

Gemu "za bure" huingiaje?

Vifaa hivi hutoka kiwandani vikiwa vimefungwa. Mtengenezaji ameweka ndani yake programu ya msingi ambayo huchunguza kila gemu inayoingizwa, ikitafuta muhuri wake. Isiyo na muhuri hukataliwa. Anayetaka kucheza gemu za kunakili hana budi autafute ufa katika programu hiyo, aupanue, kisha apitishe gemu zake humo. Hiyo ndiyo kazi inayofanywa na mafundi wa vibandani wanaposema, "Tumekifungua," au "Tumekichipu." Gemu thelathini au hamsini hupangwa kwenye kadi ya memori, na mara nyingi malipo ya kazi yote hayafiki bei ya gemu moja halali.

Muuzaji mwaminifu humweleza mteja hali hiyo. Wengi hawaelezi. Mama anayenunua kifaa sokoni, au anayeletewa na jamaa kutoka Ghuba, huona kioo safi, betri inayoshika chaji na gemu tele. Haoni kwamba furaha yote ile imesimama juu ya ufa mmoja, na kwamba kazi mojawapo kubwa ya sasisho la mtengenezaji ni kuziba nyufa.

Ufa unapozibwa

Kisa cha PSP ya Sony kinatosha kuwa funzo. Kifaa hicho kilianza kuuzwa Japani mwezi wa Desemba 2004, na Marekani mwezi wa Machi 2005. Haukupita muda, watu wakagundua kwamba toleo la 1.50 la programu yake lilikuwa na ufa uliokubali programu zisizo na muhuri. Katikati ya mwaka huohuo wa 2005, Sony ikatoa toleo la 2.00 lililokuwa na kivinjari cha intaneti, kitu ambacho wengi walikitamani. Waliosasisha walipata kivinjari chao, lakini ufa ukazibwa, na programu walizokuwa wakizipitisha humo zikakataa kufunguka. Hapo ndipo ulipoanza mchezo wa paka na panya uliodumu miaka mingi: mtengenezaji akiziba, wengine wakitoboa.

Nintendo Switch, iliyotoka mwezi wa Machi 2017, imekwenda mbali zaidi. Ndani ya chipu yake zimo fyuzi ndogo mno zisizoonekana kwa macho. Baadhi ya masasisho huunguza fyuzi moja, nayo ikiungua haiungiki tena. Kila kinapowashwa, kifaa huhesabu fyuzi zilizoungua. Kikikuta kwamba programu iliyomo ni ya zamani kuliko hesabu hiyo, hukataa kuwaka. Fundi anayeahidi kukirudisha kifaa cha namna hii "kama kilivyokuwa jana" anaahidi kitu ambacho chuma chenyewe kimekataa.

Liko pia suala la kufungiwa. Switch ikiunganishwa na intaneti huwasiliana na mitambo ya Nintendo. Ikigunduliwa kuwa inatumia nakala zisizo halali, yaweza kuzuiwa isinunue gemu wala isicheze na wengine mtandaoni. Switch 2 ilipotoka mwezi wa Juni 2025, haukuisha mwezi kabla ya baadhi ya waliotumia kadi za kunakilia kueleza kwamba vifaa vyao vipya vimefungiwa. Kizuizi hicho hushika kifaa chenyewe, wala hakimfuati aliyekosa. Kwa hiyo aliyekosa aweza kukiuza kesho yake, na mama asiyejua lolote akanunua adhabu ya mtu mwingine kwa fedha zake halali.

Hata gemu moja moja husasishwa. Sasisho lililoandaliwa kwa toleo fulani la gemu likipachikwa juu ya nakala ya toleo jingine, gemu yaweza kukwama, na faili inayohifadhi hatua alizofika mtoto ikawa haisomeki. Kwa mtu mzima hilo ni jambo dogo. Kwa mtoto wa miaka kumi aliyejenga mji wake kwa likizo nzima, ni msiba, na ndiyo maana hukimbilia tiba yoyote anayoambiwa.

Tiba inayoua

Hapa ndipo hatari kubwa ilipo. Anayesasisha kifaa halali hupokea sasisho kutoka kwa mtengenezaji mwenyewe. Mwenye gemu za kunakili hawezi kurudi huko; hupokea sasisho lake kutoka kwa mtu asiyemjua jina wala makao, ambaye hana dhamana wala duka la kumrejea.

Mwezi wa Oktoba 2005, waliojuta kwa kusasisha PSP zao walisikia habari ya programu iliyodaiwa kukirudisha kifaa kutoka toleo la 2.00 hadi la 1.50. Waliipakua, wakaiweka, wakangoja. Programu ile ilifuta mafaili ya msingi ya kifaa, na PSP haikuwaka tena. Kampuni ya ulinzi wa kompyuta ya Symantec iliitolea tahadhari kwa jina la Trojan.PSPBrick. Jina hilo linatokana na neno la Kiingereza la tofali, kwa kuwa kifaa kilichokufa namna hiyo hakina faida zaidi ya tofali mezani.

Kisa cha pili kinatia mazingatio zaidi. Kulikuwa na kadi iliyoitwa Gateway, iliyouzwa kwa watu waliotaka kucheza nakala kwenye Nintendo 3DS. Watu wengine wakaiigiza kadi hiyo na kuuza kadi bandia za kadi bandia. Mapema mwaka 2014 watengenezaji wa Gateway wakatoa sasisho lao, na ndani yake mkakutwa maagizo ya kuharibu kumbukumbu ya ndani ya kifaa, yaliyowalenga wanaotumia kadi za kuigiza. Vifaa vya watu vikafa. Walioiba kazi ya wengine walikasirika kuibiwa yao, wakatega mtego, na aliyenaswa ni mtoto aliyekuwa amekaa na kifaa chake mapajani. Wapiganapo tembo wawili, nyasi ndizo ziumiazo.

Radi, betri na umeme unaokatika

Ndugu zetu wa Kisii na Nyamira wanayo hatari moja ambayo sisi wa pwani huionja kwa nadra. Ukanda wa mashariki ya Ziwa Viktoria una ngurumo na radi nyingi sana, na miinuko ya Gusii imo katika ukanda huo. Umeme hukatika, hurudi kwa kishindo, kisha hukatika tena.

Wakati programu ya msingi inapoandikwa upya, kifaa huwa katika hali ya nyumba iliyoezuliwa paa ili kuezekwa jipya. Kazi ikikatizwa katikati, la zamani limeondoka na jipya halijakamilika. Ndiyo maana PSP hukataa kusasishwa kwa njia rasmi ila betri iwe na chaji ya kutosha na waya wa chaja uwe umechomekwa. Betri ya kifaa chenye umri wa miaka kumi na zaidi imechoka. Huonyesha imejaa, kisha ikazimika ghafla. Nyingine hufura, na betri iliyofura iondolewe na isichajiwe tena, kwa kuwa yaweza kushika moto. Sasisho lisilo rasmi, betri iliyochoka na radi ya jioni zikikutana, usitaraji salama.

Sitara ya nyumba

Wazazi wengi hudhani kwamba hasara ya gemu huishia kwenye kifaa cha gemu. Haiishii hapo. Nakala hazianguki kutoka mbinguni; mtoto huzitafuta kwa simu ya mama au kwa kompyuta ya kaka yake. Waovu wanajua kwamba anayetafuta gemu ya bure ana haraka na hana wa kumlalamikia, kwa hiyo huficha virusi ndani ya mafaili ya aina hiyo. Mtoto huambiwa azime kinga ya kompyuta kwanza, au aweke programu fulani kwenye simu na kuiruhusu isome jumbe fupi. Hakuna gemu inayohitaji kusoma jumbe zako. Jumbe hizo ndimo zinamopita namba za siri za benki na taarifa za M-Pesa, na aliyeruhusiwa kuzisoma amepewa ufunguo wa kasha.

Kuna jambo jingine ambalo akina mama hawalitajiwi sana. Kadi ya memori inayopelekwa kibandani kujazwa gemu, mara nyingi ni ileile iliyotolewa kwenye simu ya zamani, na ndani yake zimo picha za harusi, za ndani ya nyumba, za mabinti wakiwa hawajajistiri. Kuinakili kadi nzima hakuchukui muda wa kunywa kikombe cha chai. Hatuwatuhumu mafundi, wengi wao ni waja wema wanaotafuta riziki. Twasema tu kwamba sitara ya nyumba haikabidhiwi kwa kutumaini. Kadi iendayo kwa fundi iwe tupu, nayo iwe imetengwa kwa kazi hiyo pekee.

Haki ya aliyetengeneza

Mtu aweza kuuliza: kwani tumemwibia nani, na kampuni iko Japani? Majibu mawili yako karibu nasi. Tazameni pindo la kanga. Wanawake wa pwani wamevaa kwa miaka mingi kanga zilizoandikwa "Mali ya Abdulla", alama ya wafanyabiashara wa Mombasa wa nyumba ya Kaderdina Hajee Essak. Alama ile yasema kwamba nakshi ina mwenyewe. Na huko Kisii, wachongaji wa Tabaka huchonga jiwe laini kuwa sahani, vinyago na seti za bao, vinavyouzwa hadi katika maduka ya watalii ya pwani. Mchongaji aliyebuni umbo jipya akiliona limeigwa na mtu mwingine kwa bei ya kutupa, hatauliza mwigaji yuko nchi gani; ataona jasho lake limechukuliwa. Gemu nayo ni jasho la wachoraji, waandishi na mafundi.

Wanazuoni hawakulinyamazia jambo hili. Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu, lililo chini ya Jumuiya ya Ushirikiano wa Kiislamu, lilikutana Kuwait mwezi wa Desemba 1988 katika kikao chake cha tano, na likaamua katika azimio namba 43 kwamba haki za utunzi, za uvumbuzi na za jina la biashara ni mali yenye thamani kisheria, na haijuzu kuzivamia. Mwenye hali maalumu na amuulize mwanachuoni anayemwamini.

Serikali nayo ina kauli. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001, inayosimamiwa na Bodi ya Hakimiliki ya Kenya, huilinda programu ya kompyuta kama inavyokilinda kitabu, na inakataza pia kuvunja kinga ya kiufundi iliyowekwa kulinda kazi hiyo. Huko Marekani, mwezi wa Februari 2022, Gary Bowser wa kundi la Team Xecuter lililouza vifaa vya kufungulia Nintendo alihukumiwa kifungo cha miezi 40, mbali na fidia ya mamilioni ya dola. Hatusemi kwamba askari watabisha hodi kwa ajili ya mtoto wa darasa la tano. Twasema kwamba biashara anayoizoea mtoto huyo ina jina katika vitabu vya sheria, na ni vyema alijue mapema kabla hajaifanya kuwa kazi yake ya ujana.

Ugumu uliopo

Haki yatutaka tuseme pia upande wa pili. Gemu halali ni ghali kwa mshahara wa mwalimu, na watengenezaji wenyewe huwafungia wateja wao milango. Ununuzi wa gemu kupitia PSP yenyewe ulikomeshwa Julai 2021, na duka la Nintendo 3DS liliacha kuuza mwezi wa Machi 2023. Aliyenacho kifaa cha zamani hawezi tena kununua gemu humo hata akitaka. Hata hivyo, ugumu haukigeuzi kisichokuwa salama kikawa salama. Diski na kadi halali zilizotumika bado zauzwa, na zina fadhila ambayo nakala hazina: hazihitaji kuvunja chochote, na mtoto wa Kisii aweza kumwazima binamu yake wa Nyamira, kisha zikarudi. Gemu mbili halali zinazozunguka katika ukoo huchezwa zaidi kuliko hamsini zinazofunguliwa dakika tano na kuachwa.

Mzazi afanye nini?

Kwanza, kabla ya kununua, muulize muuzaji waziwazi: je, kifaa hiki kimefunguliwa? Kina toleo gani la programu? Kimewahi kufungiwa? Kiunganishe na intaneti mbele yake, ufungue duka la mtengenezaji kama bado lipo. Lipa kwa M-Pesa ili ubaki na ushahidi wa malipo.

Pili, ukigundua kwamba kilichomo nyumbani tayari kimefunguliwa, usikisasishe kwa haraka, wala usitafute sasisho mitaani. Kizimie intaneti kwanza. Kisha hifadhi hatua za mchezo. Katika PSP, hatua hizo hukaa kwenye kadi ya memori, na zaweza kunakiliwa kwenye kompyuta. Katika Switch hukaa ndani ya kifaa chenyewe wala si kwenye kadi, kwa hiyo kikifa zaweza kufa nacho. Baada ya hapo familia iamue pamoja, na uamuzi ulio bora ni kukirudisha katika hali ya kiwandani kwa fundi anayeeleza atakalolifanya kabla hajaligusa.

Tatu, kila sasisho, hata lililo halali, lifanywe asubuhi mbingu zikiwa nyeupe, betri ikiwa imejaa na chaja imechomekwa. Sasisho likishaanza, kifaa kisizimwe wala kisichezewe, hata kikionekana kimekwama.

Nne, simu yenye M-Pesa isiwe simu ya kupakulia gemu. Kama simu ni moja, neno la siri la kuweka programu mpya libaki kwa mzazi.

Tano, ikiwa hasara imekwisha kutokea, usimtume mtoto akatafute dawa ya pili. Ondoa kadi, badilisha maneno ya siri ya akaunti zilizokuwa zimefunguliwa humo, na kama programu ngeni iliingia kwenye simu, iondoe na uichunguze taarifa yako ya M-Pesa siku hiyohiyo.

La mwisho halihitaji fundi. Mtoto anayejua kwamba atapigwa kwa kuharibu kifaa ataificha hasara, na katika kuificha ndiko atakakokutana na mtu wa mtandaoni anayemwambia, "Niletee namba iliyoingia kwenye simu ya mama, nitakutengenezea." Mtoto anayejua kwamba atasikilizwa atakuja jikoni na kifaa mkononi, aseme, "Mama, kimeniuliza swali, nijibu nini?" Mama akiulizwa hivyo, na aache sufuria kidogo aliangalie swali pamoja naye. Mwenyezi Mungu atuhifadhie watoto wetu na majumba yetu, ya pwani na ya bara.